UZI: Mapangoni shida si giza, ni njaa

Mshika Taa:

Wakuu, heshima kwenu.

Kila nikikuta mjadala wa viumbe wa mapangoni, unaanzia palepale: hawana macho kwa sababu kuna giza. Watu wanatazama picha ya samaki mweupe asiye na macho, wanashangaa, wanaondoka. Nimekaa na habari za viumbe hawa miaka mingi sasa, na naona tunaanzia pasipo. Giza ni hali ya nyumba tu. Kinachomfinyanga mwenye nyumba, macho yake, mwendo wake mpaka umri wake, ni njaa. Nitaeleza kwa nini nasema hivyo, na njiani nitawataja watu waliotufikisha huko, kwa sababu baadhi yao hawatajwi inavyostahili. Uzi ni mrefu, vumilieni.

Fikirieni pango lenyewe kwanza. Mdomoni pana majani na kuvumwani. Ukiingia, mwanga unafifia, kijani kinapungua, na baada ya kona mbili tatu hakuna hata mmea mmoja. Joto halipandi wala halishuki. Kwa kawaida linakaribia wastani wa mwaka mzima wa juu ya ardhi. Hewa imejaa unyevu. Kwa kiumbe mdogo hapo ni pazuri, hakuna jua la kumkausha wala ndege wa kumdonoa. Lakini hakuna kinachoota. Karibu chakula chote lazima kiletwe: jani lililosombwa na mafuriko, mzoga, mizizi iliyopenya mwamba, na kinyesi cha popo.

Ndiyo maana watafiti huwagawa viumbe hawa kwa kuangalia uhusiano wao na nje. Wapo wageni, kama popo, wanaolala ndani na kula nje. Wapo wanaomudu kote kuwili. Na wapo wenyeji kamili, wanaoitwa troglobaiti, ambao maisha yao yote ni humo humo. Hao wa mwisho ndio ninaowazungumzia.

Mfano wangu mkubwa ni Proteus, salamanda wa majini anayeishi chini ya milima ya chokaa ya Slovenia, Kroatia na Bosnia. Ana urefu wa sentimita 20 hadi 30, ngozi nyeupe, miguu myembamba kama vijiti vya kiberiti, na matamvua mekundu yanayotokeza nyuma ya kichwa. Mwaka 1689 mwandishi Valvasor aliandika kwamba wenyeji, walipomwona ametupwa nje na chemchemi baada ya mvua kubwa, walimdhania mtoto wa joka. Nawaelewa kabisa. Mtu hajawahi kuona kitu kama hicho, na kimetoka chini ya mlima.

Sasa angalieni maisha yake. Utafiti uliotolewa mwaka 2010, kutokana na salamanda waliofugwa kwa miongo mingi katika maabara ya pangoni huko Ufaransa, ulikadiria kuwa mtu mzima wa aina hii huishi wastani wa miaka 68, na anaweza kuvuka 100. Hukomaa kwenye miaka 15 hivi. Jike hutaga takriban mara moja kila miaka 12. Anaweza kukaa miaka bila kula. Na wapiga mbizi waliowatia alama ndani ya maji ya chini ya ardhi huko Herzegovina walimkuta mmoja wao mahali palepale baada ya siku 2,569. Hiyo ni miaka saba, wakuu. Miaka saba hakuhama.

Giza peke yake halimfanyi kiumbe akae miaka saba mahali pamoja. Anayeishi hivyo ni yule ambaye kila hatua ni gharama na hajui mlo ujao utaletwa na mafuriko ya mwaka gani.

Ngojeni kwanza nisome maoni, kisha niendelee.

---

Jongoo Mweupe:

Mkuu, naweka kambi hapa. Ila nina swali. Shuleni tulifundishwa kwamba kiungo kisipotumika hupotea. Je, si ndiyo hiyo tu? Samaki hatumii macho, basi macho yanakwenda.

---

Mshika Taa:

Swali zuri sana, ndugu yangu, na hujaliuliza peke yako. Darwin mwenyewe, katika kitabu chake cha mwaka 1859, alisema macho ya viumbe wa mapangoni yamepotea kwa kutotumika tu, kwa sababu hakuona namna ambayo jicho lisilo na kazi lingemdhuru mwenye nalo.

Lakini yupo samaki mmoja wa Meksiko, Astyanax mexicanus, aliyetufundisha mengi kuliko kiumbe mwingine yeyote wa pangoni. Sababu ni kwamba ndugu yake wa mtoni, mwenye macho mazima na rangi ya fedha, bado yuko hai juu ya ardhi, na wakiwekwa pamoja huzaliana. Wa mapangoni wapo katika mapango takriban 30. Ni kama kuwa na jibu na swali kwenye beseni moja.

Kwanza: mtoto wa samaki huyu wa pangoni huanza kutengeneza macho. Akiwa bado kiinitete, jicho lipo. Kisha seli za lenzi zinakufa, na jicho lote linafuata, linasinyaa na kuzama ndani ya ngozi. Mwaka 2000 Yamamoto na Jeffery walichukua lenzi ya kiinitete cha samaki wa mtoni wakaipandikiza kwa kiinitete cha pangoni. Jicho likakua. Upande uliopandikizwa ulikuwa na jicho kubwa, upande wa pili mtupu. Maana yake vifaa vingine vya kujenga jicho bado vilikuwepo, vikisubiri ishara kutoka kwenye lenzi.

Pili, jicho ni ghali. Jicho na sehemu ya ubongo inayolihudumia hula nishati usiku na mchana. Waliopima gharama hiyo waliona kwamba kwa samaki mdogo wa gramu moja inaweza kufikia asilimia 15 ya nishati yote anayotumia akiwa ametulia. Akiwa mkubwa inapungua hadi kama asilimia 5. Asilimia 15, mahali ambapo mlo ni bahati! Hapo ndipo Darwin hakuona madhara, na madhara yalikuwepo. Na nafasi iliyoachwa haikai bure. Samaki wa pangoni ana vionjo vingi zaidi mdomoni, na mwilini ana vihisio vya mtikisiko wa maji vilivyo vikubwa na vyepesi kuliko vya ndugu yake wa juu.

---

Bi Kina:

Salaam ndugu Mshika Taa, na asante kwa uzi huu. Mimi si mwanasayansi. Nashuka mapangoni kwa kamba mwaka wa kumi na moja huu, na miaka sita ya mwisho nimekuwa nikiwabebea watafiti vichupa vya alkoholi. Naomba niongeze ninachokiona kwa macho.

Mtu akiingia pangoni mara ya kwanza huniambia hakuna kitu humu, mawe matupu. Anatembea haraka, anamulika mbali. Viumbe hawa huwapati kwa kutembea. Unakaa. Unapunguza mwanga wa taa ya kichwani, unatazama mahali pamoja penye unyevu, kwenye kipande cha ubao uliooza au ukuta unaochuruzika maji, robo saa, nusu saa. Kisha kitu cheupe kisichozidi punje ya mchele kinasogea. Ukishakiona kimoja, unaviona vitatu.

Na nakuunga mkono kuhusu njaa. Chochote tunachokiacha huko ndani kinageuka karamu. Chembe ya mkate tuliyoidondosha safari iliyopita, safari inayofuata imeota ukungu na wadudu wameizunguka. Watu wanadhani kuacha makombo ni kuwasaidia. Hapana. Kunapokuwa na chakula kingi ghafla, wanaingia wadudu wa nje wenye kasi na uzazi wa haraka, na wale wenyeji wapole wanashindwa.

Jambo jingine linaloniuma ni mitego. Watafiti hufukia vikombe vyenye chambo kinachonuka, mdudu anaingia hatoki. Kama mtego unafuatwa na kuondolewa, sawa. Nimekuta mitego iliyosahauliwa, imejaa mpaka juu. Kwa kiumbe anayetaga mara chache na kuishi muda mrefu, kikombe kimoja kilichosahauliwa ni pigo kwa chumba kizima cha pango. Nikiwabebea watu vichupa siku hizi, sharti langu la kwanza ni orodha ya mitego yote, na hatupandi juu mpaka idadi itimie.

Kuhusu kina: wapo waliowapata viumbe mahali ambapo sisi tungesema haiwezekani. Katika pango la Krubera huko Georgia, kwenye milima ya Kaukazi, alipatikana mdudu mdogo asiye na mabawa wala macho, Plutomurus ortobalaganensis, katika kina cha mita 1,980. Alielezwa kisayansi mwaka 2012. Anakula kuvu na mabaki ya vitu vilivyooza. Karibu kilomita mbili chini, na bado anategemea kilichodondoka kutoka juu.

---

Mshika Taa:

Dada, umesema vizuri kuliko nilivyokuwa nimepanga. Hilo la kukaa na kusubiri linanipeleka kwa watu niliosema nitawataja.

Mtu wa kwanza ni Luka Čeč, mwasha taa katika pango la Postojna, Slovenia. Mwaka 1831 alimwona mbawakawa mdogo mwenye kichwa chembamba, shingo ndefu na tumbo la mviringo linalong'aa. Hakumpita. Alimchukua akampelekea bwana Hohenwart, naye akampa Ferdinand Schmidt, mtaalamu wa wadudu. Mwaka 1832 Schmidt akamtangaza: Leptodirus hochenwartii, mbawakawa wa kwanza wa pangoni kuelezwa na sayansi. Jina likabeba Hohenwart, na mwasha taa hakuingia. Lakini elimu nzima ya wadudu wa mapangoni inaanzia kwenye jicho la yule aliyekuwa kazini na taa yake.

Wa pili ananigusa zaidi. Stephen Bishop alikuwa mtumwa, kijana wa miaka kama 17 alipoletwa mwaka 1838 kuongoza wageni katika pango la Mammoth, Kentucky, Marekani. Mwaka huohuo alivuka shimo ambalo watu wote walikuwa wakiishia hapo, akafungua njia ya pango kubwa la ng'ambo. Ni yeye aliyefika kwenye mto wa chini na kukutana na samaki wasio na macho. Mwaka 1842 alichora ramani ya pango kwa kumbukumbu ya kichwa chake, na ramani hiyo ilipochapishwa ilibeba jina lake. Aliachwa huru mwaka 1856, akafariki mwaka uliofuata. Leo Mammoth ndilo pango refu kuliko yote yanayojulikana duniani, zaidi ya kilomita 680 zimepimwa, na wapimaji bado wanaendelea kutoka pale alipopafungua mtu ambaye kwa sheria ya wakati ule hakumiliki hata miguu yake.

Baada yao ndipo wakaja wenye vyuo. Emil Racoviță wa Romania alikuwa mtaalamu wa viumbe wa bahari, alishafika mpaka Antaktika na meli ya Belgica. Mwaka 1904, katika pango la Drach kisiwani Mallorca, alimkuta kiumbe mdogo wa majini wa jamii ya kaa na kamba, mweupe, kipofu. Akageuza maisha yake. Mwaka 1907 aliandika andiko linalohesabiwa kuwa msingi wa elimu ya viumbe wa mapangoni, na mwaka 1920 akaanzisha mjini Cluj taasisi ya kwanza duniani ya utafiti wa mapango.

---

Mdadisi wa Mto:

Mkuu mbona mifano yote ni ya Ulaya na Marekani? Afrika hakuna?

---

Mshika Taa:

Ipo, na ni ya ajabu. Bado sijaifikia tu.

Mbanza-Ngungu, Kongo ya chini, yupo Caecobarbus geertsii, samaki mdogo asiye na macho aliyeelezwa mwaka 1921. Biashara yake ya kimataifa inadhibitiwa na mkataba wa CITES. Namibia, katika pango la Aigamas, yupo kambare kipofu Clarias cavernicola, ambaye hajulikani kuishi kwingine kokote duniani. Ziwa moja dogo la chini ya ardhi ndiyo nchi yake yote. Gabon, katika mapango ya Abanda, wapo mamba wafupi wanaokula popo na nyenje, na baadhi ya wakubwa wao wana rangi ya chungwa. Maelezo yanayotolewa ni kwamba maji yaliyochanganyika na kinyesi cha popo yameichubua ngozi yao. Mlima Elgon, Kenya, tembo huingia gizani katika pango la Kitum, wakipapasa kwa mikonga, na kuchimba ukuta kwa pembe kutafuta chumvi. Na Somalia yupo samaki ambaye namwekea mwisho wa uzi.

---

Mlinda Mlango:

Hapo Kitum nimeshtuka. Si ndipo penye ugonjwa wa Marburg? Mimi naona popo wangeondolewa mapangoni, tupumzike.

---

Bi Kina:

Ndugu Mlinda Mlango, hofu yako ina msingi. Waliougua Marburg mwaka 1980 na 1987 nchini Kenya walikuwa wameingia Kitum, na virusi vilikuja kupatikana kwa popo wala matunda wa Misri katika mgodi wa Kitaka, Uganda, baada ya wachimbaji kuugua mwaka 2007. Pango lenye kundi kubwa la popo hao si mahali pa kuingia kwa matembezi. Watafiti wanaoingia huvaa nguo za kujikinga mwili mzima na barakoa.

Lakini kuwaondoa popo ni kukata mkono unaoleta chakula. Mapango mengi yanasimama juu ya kinyesi chao: nyenje, mende, utitiri, konokono, samaki walio chini ya dari lao. Popo wakihama, chumba kinakufa taratibu na hakuna atakayesikia. Dawa ni kukaa mbali nao.

Na sisi tunaoingia tuna deni kwao. Mwaka 2006, jimbo la New York, walionekana popo wenye ukungu mweupe puani. Kuvu hiyo, Pseudogymnoascus destructans, imeua mamilioni ya popo Amerika Kaskazini. Husambazwa na popo wenyewe, na pia matope ya kwenye buti na kamba za watu yanaweza kuibeba kutoka pango moja hadi jingine. Ndiyo maana vifaa vinaoshwa na kuloweshwa maji ya moto ya nyuzi 55 kwa dakika 20 kabla ya safari nyingine. Nimewaona watu wanaona uvivu kuosha. Sishuki nao.

---

Mshika Taa:

Niongeze neno moja hapo. Kuvu hiyo inawaua popo kwa njaa. Popo aliyelala usingizi wa majira ya baridi anaamshwa na ngozi inayowasha, anatumia mafuta aliyoyaweka akiba, anatoka nje kutafuta wadudu ambao hawapo. Hata hapo, shauri ni lilelile.

---

Kambare Mzee:

Nimesoma yote, Mshika Taa, na nimefurahi, lakini kuna mahali hoja yako inavuja. Pango la Movile, Romania, karibu na Bahari Nyeusi. Liligunduliwa mwaka 1986, mvumbuzi wake wa kwanza Cristian Lascu, na inakadiriwa lilitengwa na dunia ya nje kwa takriban miaka milioni 5 na nusu. Oksijeni yake ni nusu ya ya kwetu au chini, hewa inanuka mayai viza kwa gesi ya salfa. Lakini chakula kimejaa! Bakteria hutengeneza chakula kwa kemikali za majini, utando wao unaelea juu ya maji kama blanketi, na wadudu wanakula hapo bila kungoja popo wala mafuriko. Zaidi ya aina 30 za viumbe hazijulikani kwingine. Sasa kama ni njaa inayoondoa macho, mbona hao walioshiba nao ni vipofu? Nge-maji wao hana macho. Ruba wao hana macho.

---

Mshika Taa:

Mzee wangu, umenibana, na umenibana kwa haki. Nimelala na swali lako.

Nakubali: nilisema "kinachomfinyanga ni njaa" kana kwamba ni mkono mmoja. Movile inaonyesha kwamba hata penye shibe, jicho likikosa kazi, kasoro zinaingia kwenye urithi wake kizazi baada ya kizazi na hakuna kinachozifagia. Na hata wale samaki wa Meksiko wanakuunga mkono. Mwaka 2008 Borowsky alionyesha kwamba ukizalisha samaki vipofu wa pango moja na vipofu wa pango jingine la mbali, baadhi ya watoto huzaliwa wanaona. Wazazi wote wawili vipofu! Kila pango liliharibu jicho kwa kuvunja sehemu yake tofauti, na mtoto akarithi kilicho kizima kutoka kila upande. Kama gharama ya nishati ingekuwa ndiyo kila kitu, nisingetegemea njia ziwe za kubahatisha kiasi hicho.

Basi nigawe upya. Giza linaruhusu jicho liende. Njaa, pale ilipo, inaharakisha. Ila mwendo wa pole, umri mrefu, mayai machache, kufunga kwa miaka, hayo siyaachii. Ningependa sana kujua kama wenyeji wa Movile wanaishi haraka kuliko wenzao wa mapango yenye njaa. Hicho ndicho kipimo halisi cha hoja yangu.

---

Jongoo Mweupe:

Na yule wa Somalia uliyemwekea mwisho?

---

Mshika Taa:

Phreatichthys andruzzii. Alielezwa mwaka 1924. Hana macho, hana magamba, hana rangi. Ametengwa na jua kwa zaidi ya miaka milioni.

Kabla yake nikukumbushe binadamu mmoja. Mwaka 1962 Mfaransa Michel Siffre, kijana wa miaka 23, alishuka katika pango lenye barafu kwenye milima ya Alpi, Scarasson, bila saa. Alikaa miezi miwili. Alipotolewa tarehe 14 Septemba, hesabu zake zilimwambia ni tarehe 20 Agosti. Siku 25 zilikuwa zimempotea. Lakini mwili wake haukupotea kiasi hicho. Kulala na kuamka kwake kuliendelea kuzunguka karibu na saa 24 na nusu. Miezi miwili ya giza haitoshi kufuta jua mwilini.

Kwa samaki wa Somalia, watafiti waliotoa kazi yao mwaka 2011 walijaribu kuiamsha saa ya mwili kwa mwanga. Haikujibu chochote. Wakajaribu kwa chakula, wakimlisha kila siku wakati uleule. Saa ikaamka, samaki akaanza kuchangamka kabla ya mlo. Walipoiacha iende yenyewe, ilizunguka kwa takriban saa 47, na ilikuwa ikisikiliza kitu kimoja tu, mlo.